Jambazi mbele ya dirisha la NAV

Jambazi wa mafia ya New York ameingia NAV, ofisi ya serikali ya ajira na ustawi wa jamii, katika mji mdogo wa Norwei. Anataka kufungua baa. Pesa anazo, kazi anaijua, na kwao hakuna aliyezoea kumwambia asubiri. Ofisa aliyeketi mbele yake hamwogopi wala hamchukii. Anamweleza kwa upole kwamba mgeni huanza na kozi ya kuijua nchi. Habari za baa zitakuja baadaye. Jambazi anajaribu njia aliyoizoea, ya kupitisha noti, na njia hiyo inagonga mwamba.

Hiyo ndiyo Lilyhammer, tamthilia ya vichekesho iliyobuniwa na Anne Bjørnstad na Eilif Skodvin, mke na mume wanaoandika pamoja. NRK1, kituo cha umma cha Norwei, kilianza kuionyesha tarehe 25 Januari 2012, na sehemu ya kwanza ikatazamwa na karibu watu milioni 1 katika nchi yenye watu wapatao milioni 5. Siku 12 baadaye, tarehe 6 Februari, Netflix ikaziweka sehemu zote 8 kwa mpigo mbele ya watazamaji wake wa Marekani. Ndiyo tamthilia ya kwanza Netflix kuitangaza kuwa yake peke yake, mwaka mzima kabla ya House of Cards. Netflix yenyewe ilikuwa haijafika Norwei. Ilifika Oktoba mwaka huohuo.

Habari hiyo husimuliwa mara nyingi kama hadithi ya Steven Van Zandt, mpiga gitaa wa Bruce Springsteen na mwigizaji wa The Sopranos, au kama hadithi ya Netflix. Walioibuni hutajwa mwishoni, wakitajwa. Hilo ni kosa la uchambuzi kabla ya kuwa kosa la adabu, kwa sababu nguvu ya Lilyhammer haikutoka kwa jambazi. Majambazi wa mafia walishajaa kwenye skrini za dunia. Kilichokuwa hakijaonekana ni ofisa wa Kinorwei anayemwambia jambazi, bila kupandisha sauti, kwamba utaratibu ni huu. Bjørnstad na Skodvin wamejenga jina lao kwa kuandika mgeni na utaratibu, na wanapokaa karibu na utaratibu huo wanaandika vizuri kuliko karibu wote wanaoshika kazi hii kaskazini mwa Ulaya. Wanapouacha, kazi inapwaya.

Tuanze na wazo. Van Zandt alikuwa Bergen akifanya kazi na bendi moja ya Kinorwei, na waandishi hawa wakamfuata wakiwa na sentensi moja: jambazi wa New York anaingia mpango wa kulinda mashahidi na anafichwa Lillehammer. Sentensi kama hiyo huuzika haraka, lakini hubeba swali ambalo likiachwa wazi huua tamthilia: kwa nini huko? Walilijibu mapema, kwa kinywa cha mhusika mwenyewe. Frank Tagliano aliiona Lillehammer kwenye televisheni wakati wa Olimpiki ya majira ya baridi ya 1994, akaipenda theluji yake na hewa yake. Basi. Jibu linachukua sekunde chache na linafanya kazi tatu kwa pamoja: linaeleza safari, linaonyesha kwamba Frank anaijua Norwei ya picha tu, na linaahidi kwamba picha hiyo itavunjika. Mwandishi asiye na uzoefu angetumia dakika 10 za kwanza kueleza mahakama, maadui na polisi wa Marekani, na mtazamaji angekuwa ameshachoka kabla treni haijafika stesheni.

Kisha likaja chaguo lililo bora kuliko yote, dirisha la NAV. Huo ni wakala wa serikali ulioundwa tarehe 1 Julai 2006 kwa kuunganisha huduma za ajira, bima ya jamii na sehemu ya ustawi wa jamii wa halmashauri. Karibu kila mkazi wa Norwei hufika kwenye dirisha hilo siku moja: ukiachishwa kazi, ukiugua muda mrefu, ukipata mtoto. Mwaka huohuo wa 2012, baraza la lugha la nchi hiyo lilichagua "å nave" kuwa neno la mwaka, kitenzi cha mitaani kinachomaanisha kuishi kwa fedha za NAV. Waandishi hawakuhitaji kumweleza Mnorwei yeyote pale ni wapi. Waliweka jambazi kwenye kiti ambacho mtazamaji mwenyewe amewahi kukikalia.

Msomaji wa Kiswahili anaweza kudhani ofisi hiyo iko mbali naye, lakini kuna Waswahili wanaoifahamu kuliko wakosoaji wa Marekani. Norwei imepokea Wakongomani wengi wakimbizi, kundi kubwa likiwa la watu wa Kivu waliopitia kambi za Uganda na nchi jirani. Kwa sheria ya mwaka 2003, iliyotumika hadi mwisho wa 2020, mkimbizi aliyepewa makazi aliingia mpango wa kutwa nzima, kwa kawaida hadi miaka 2, akilipwa posho huku akijifunza Kinorwei. Na kwa kanuni za wakati Lilyhammer inaanza, kulikuwa na saa 50 za elimu ya jamii kwa lugha ambayo mgeni anaielewa, Kiswahili kikiwamo. Sisi tuna msemo wa mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Norwei hutoa jembe siku ya kwanza, na jembe lenyewe ni ratiba ya masomo. Aliyepita humo akimtazama Frank darasani anacheka kwa namna ambayo mkosoaji wa New York haifikii.

Vichekesho vya mgeni vimeandikwa kila nchi, na vingi huharibika kwa namna zilezile. Mara nyingi mgeni hufanywa mjinga, kila sehemu ikawa juu ya kutojua kutumia kitu fulani. Utani huo hudumu sehemu mbili, kisha mtazamaji anaanza kumwonea aibu. Au ofisa hufanywa katili, na kichekesho kinageuka malalamiko. Au sheria hubuniwa iwe ya kijinga kupita kiasi, na mwenyeji anayeijua sheria halisi anajitoa. Lilyhammer ya msimu wa kwanza inaviepuka vyote vitatu kwa sababu pande zote mbili zina haki. Frank ni mwerevu kuliko ofisa wake. Anasoma udhaifu wa mtu kwa dakika moja. Ofisa naye, Jan Johansen anayeigizwa na Fridtjov Såheim, anasimamia utaratibu ambao wananchi wenyewe wanaupenda. Pesa isipofanya kazi, Frank anageukia siri za watu, na mji mzima wa watu wema unaanza kugundua kwamba njia za Frank zinaharakisha mambo. Kicheko kinatoka hapo: Wanorwei wanajiona wakifurahia kile ambacho malezi yao yanakikataa.

Lakini jambo linalostahili kusomwa kwa makini zaidi na yeyote anayeandika kwa lugha isiyosomwa na dunia nzima ni lugha yenyewe. Frank anaelewa Kinorwei ila anajibu kwa Kiingereza. Wenyeji wanaongea Kinorwei chao. Hakuna anayetafsiriwa ndani ya tamthilia, na baada ya dakika chache mtazamaji halioni tena kama ajabu. Mkataba huo unaonekana mwepesi, ila umebeba hesabu ngumu. Mnorwei anasikia nusu ya mazungumzo kwa lugha yake na kusoma nusu nyingine kwenye maandishi ya chini ya skrini. Mmarekani anasoma ile nusu ambayo Mnorwei anaisikia. Kwa hiyo kila utani lazima uishi mara mbili: mara moja kwa anayesikia chambo, yaani maneno yanayouandaa utani, na kusoma panchilaini, yaani maneno ya mwisho yanayochekesha, mara nyingine kwa anayesoma chambo na kusikia panchilaini.

Chukua mfano tulioutunga hapa, haumo kwenye tamthilia. Ofisa anasema: "Dette skjemaet fylles ut etter kurset." Yaani, fomu hii hujazwa baada ya kozi. Ukiacha nukta, sentensi hiyo ina herufi 37 pamoja na nafasi. Mwigizaji huitamka kwa sekunde 2 hivi. Mwongozo wa Netflix huruhusu mistari 2 ya maandishi kwa wakati mmoja, herufi 42 kwa mstari, na maandishi yasikae zaidi ya sekunde 7. Anayesoma herufi 17 kwa sekunde anaimaliza sentensi yetu kwa sekunde 2 na ushei. Mdomo na jicho vinafika pamoja, utani unashika. Sasa mwigizaji mwenye hamu ya kuchekesha anaamua kutulia sekunde nzima kabla ya "etter kurset". Mnorwei anasubiri, kisha anacheka. Mmarekani alishasoma mwisho wa sentensi wakati mwigizaji bado anavuta pumzi. Kicheko chake kimetumika kabla ya wakati, na uso wa Frank unapokuja hauna kazi tena.

Dawa zipo, na zote huanzia kwenye muswada kabla ya kufika kwa mtafsiri. Maandishi yanaweza kukatwa mara mbili pale palipo kituo, yaani pale mwigizaji anapotulia, lakini hilo linahitaji kituo kirefu cha kutosha na sentensi inayokatika vizuri katika lugha zote mbili. Neno lenye uzito liwekwe mwisho, tena liwe neno ambalo tafsiri yake pia inaweza kukaa mwisho. Njia salama kuliko zote ni kuhamisha kituo kutoka katikati ya sentensi kwenda baada yake, juu ya uso wa anayesikiliza, kwa sababu ukimya haukai kwenye mistari ya chini. Ukiitazama Lilyhammer ukiwa na saa mkononi utaona ni mara ngapi tukio linafungwa na uso wa Van Zandt ukiwa haujasema kitu. Watu husifu uso huo, na unastahili. Lakini mtu lazima auandikie nafasi.

Kuna kilichopotea pia, na waandishi hawa walikubali kukipoteza. Kinorwei kina sanifu mbili za maandishi, Bokmål na Nynorsk, na lahaja zinazobadilika bonde kwa bonde. Karne nzima ya vichekesho vya Norwei imekula kwenye lahaja hizo. Maandishi ya tafsiri huzisawazisha zote. Mwandishi anayeegemea matamshi atachekesha Oslo na Trondheim, na atanyamaza akivuka mpaka. Bjørnstad na Skodvin waliutoa mzigo kwenye sauti wakauweka kwenye mwenendo: nani anapanga foleni, nani anavua viatu mlangoni, nani anaamini kwamba mlezi wa chekechea ana neno la mwisho. Mwenendo unaonekana hata ukizima sauti.

Wenzao walichukua njia nyingine. Jon Iver Helgaker na Jonas Torgersen, waliobuni Vikingane ya NRK mwaka 2016, inayojulikana nje kama Norsemen, walipiga kila tukio mara mbili: mara moja kwa Kinorwei, mara moja kwa Kiingereza, na waigizaji walewale, katika kijiji cha Waviking kilichojengwa Avaldsnes kisiwani Karmøy. Faida yake iko wazi, kwani kila soko linasikia utani kwa masikio. Gharama nayo iko wazi: mwanga na hali ya hewa ya pwani ya magharibi havisubiri, na mwigizaji lazima aupate mdundo uleule mara mbili kwa siku. Tena njia hiyo inafaa pale tu ambapo wahusika wote wana lugha moja. Frank na Jan hawakuweza kupigwa hivyo, maana tofauti ya lugha ndiyo iliyokuwa chakula chenyewe. (Trond Fausa Aurvåg amecheza zote mbili, Torgeir katika Lilyhammer na Rufus katika Vikingane, anayetaka kuona tofauti ya mbinu hizi kwa mtu mmoja aanze naye.)

Sasa kwenye udhaifu. Kufikia msimu wa pili Frank ana baa, ana watu, ana familia, na dirisha la NAV halimzuii tena. Waandishi walilijua tatizo hilo, wakajaribu kumrudisha kwenye foleni kwa njia ya malezi ya watoto, na penye mambo hayo bado kuna cheche. Lakini jambazi aliyeshinda anahitaji maadui wapya, na maadui wapya wanaleta bunduki, na bunduki ina mtindo mmoja dunia nzima. Msimu wa tatu unafika hadi Rio de Janeiro. Sehemu ya mwisho, iliyoongozwa na Van Zandt mwenyewe, ina Springsteen akicheza ndugu wa Frank, mwenye nyumba ya maiti. Magazeti yaliandika sana kuhusu Springsteen. Kuhusu Jan na fomu zake hakuna aliyeuliza, na hapo ndipo tamthilia ilipokuwa imeshatoka kwenye ardhi yake. Julai 2015 ikatangazwa kwamba imekwisha: misimu 3, sehemu 24, takribani saa 18 za skrini.

Wengi wangerudi na jambazi mwingine. Hawa wawili walirudi kwenye dirisha. Tarehe 21 Agosti 2019 HBO Nordic ilianza kuonyesha Beforeigners, tamthilia ya kwanza ya HBO kwa lugha ya Kinorwei, sehemu 6, zote zikiongozwa na Jens Lien. Mianga inawaka majini Bjørvika, ufukwe wa katikati ya Oslo, na watu wanaibuka: wa enzi za mawe, wa enzi za Waviking, wa karne ya 19. Si vita wala uvamizi. Ni wageni waliolowa maji, hawajui wamefikaje, na jiji lazima liwape blanketi, usajili na makazi. Tamthilia ina mauaji na upelelezi, lakini mashine ni ileile ya 2012, safari hii ikiwa na nchi nzima mbele ya dirisha.

Jina la Kinorwei, Fremvandrerne, linastahili kufunguliwa. Mhamiaji kwa Kinorwei ni "innvandrer", mtembea-kuingia. Badilisha silabi ya mwanzo iwe "frem", mbele, na unapata mtu aliyehama kwenda mbele katika wakati. Silabi moja imebeba wazo zima la tamthilia. Jina la Kiingereza linafanya kazi hiyo kwa njia yake, kwa kusokota neno la "kabla" ndani ya neno la "wageni". Halafu lugha ya ofisi inaendelea kuzaa. Norwei husema mtu ana asili ya tamaduni nyingi, "flerkulturell". Kwenye tamthilia Alfhildr Enginnsdóttir anaingia jeshi la polisi kama ofisa wa kwanza mwenye asili ya nyakati nyingi, "flertidlig". Hakuna anayelitamka neno hilo kwa kicheko. Ofisa wa habari analisema mbele ya kamera kwa unyenyekevu wote, na mtazamaji wa Oslo anatambua sauti aliyoisikia kwenye taarifa ya jana.

Hapo pana somo la namna ya kutunga istilahi ya kubuni. Chukua neno halisi la ofisi, badilisha kipande kimoja tu, liache na sura yake ya kiserikali, na mhusika alitumie kana kwamba limekuwapo miaka 10. Ukibadilisha vipande viwili linakuwa fumbo. Ukilieleza linakufa.

Alfhildr mwenyewe, anayeigizwa na Krista Kosonen wa Finland, anachanganya Kinorwei cha leo na maneno ya kale ya Kinorsi, lugha ya Waviking, na mwigizaji alilazimika kujifunza vyote. Kwa Mnorwei, lugha hiyo inasikika nusu ngeni, nusu ya bibi wa bibi. Waandishi walipata hapa kile walichokosa Lilyhammer: mgeni ambaye ni mwenyeji kuliko wenyeji wote. Nani atamwambia mwanamke wa karne ya 11 arudi kwao? Mke wa zamani wa Lars Haaland, mpelelezi mwenzake Alfhildr, anaishi na bwana wa karne ya 19, na kwa Lars huyo ni mhamiaji aliyemchukulia nyumba. Tukio la chakula cha jioni kwenye meza kama hiyo linabeba mjadala wa uhamiaji wa Ulaya bila mtu yeyote kutoa hotuba.

Msimu wa pili, Desemba 2021, ulirudia kosa tunalolijua. Jack the Ripper, muuaji wa London ya karne ya 19, aliletwa, na hadithi ikaanza kumfukuzia mtu ambaye kila nchi imeshamfukuzia. Sehemu zinazorudi kwa Olav Haraldsson, mfalme aliyeuawa Stiklestad mwaka 1030 na kufanywa mtakatifu wa taifa, ni bora mara nyingi zaidi. Mfalme mtakatifu akiibuka majini, hekaya ya taifa inakutana na mtu mwenyewe, na hakuna mwandishi wa London ambaye angejua pa kuligusa hilo.

Julai 2022, miezi michache baada ya Warner Bros. Discovery kuundwa, HBO Max ilitangaza kuacha kutengeneza tamthilia zake katika nchi za Nordiki. Uamuzi haukuhusu ubora wa muswada wowote. Eneo zima lilifungwa kwa mkupuo. NRK, ambayo tangu 2020 inalipiwa kwa kodi za wananchi badala ya ada ya televisheni, haikuwa na mkono katika Beforeigners kama ilivyokuwa nao katika Lilyhammer. Kwa hiyo hapakuwa na kituo cha nyumbani cha kusema tutaendelea wenyewe. Lars na Alfhildr wameachwa kwenye sehemu ya 12, na mianga ya Bjørvika bado haijaelezwa ilitoka wapi.